Usingizi wa Mchana wa Milton Skarda

Mara ya kwanza kumwona Milton Skarda, alikuwa amelala kwenye kitanda cha nahodha wa maharamia. Viatu alikuwa amevivua na kuvipanga sakafuni, kama mtu aliye nyumbani kwake. Nilikuwa nimeanza kazi juma hilo katika studio ya Abe Zeller, upande wa chini wa Hollywood, mahali ambapo filamu nzima ilimalizwa kwa siku chache na hakuna aliyejivunia wala kuona haya. Niliambiwa nikamtafute mwandishi, nichukue maneno yake na kuyapiga chapa.

Nikasimama mlangoni, nisijue kama nimwamshe. Meli yenyewe ilikuwa nusu tu. Upande mmoja ulikuwa na madirisha, kamba na taa ya shaba. Upande wa pili ulikuwa na ngazi ya seremala na ndoo za rangi. Nje ya madirisha kulikuwa na bahari iliyochorwa kwenye kitambaa, yenye jua ambalo halikuzama kamwe. Skarda akafungua macho, akatazama dari kwa muda, kisha akaniuliza kana kwamba tulikuwa tumeanza kuzungumza zamani:

"Nani ametoka humu sasa hivi?"

"Hakuna mtu, bwana. Ni mimi nimeingia."

"Sikuulizi wewe. Kabla yako. Kuna mtu katoka kwa hasira, kasahau kofia yake."

Nikageuka. Kofia ilikuwepo kweli, imetundikwa kwenye msumari. Huenda ni fundi mmoja aliyeiacha.

"Andika," akaniambia, akakaa kitako na kuanza kutafuta soksi. "Amemkasirikia nahodha kwa sababu ya mwanamke au kwa sababu ya ramani. Wewe unaonaje?"

"Ramani, labda."

"Basi mwanamke," akasema.

Hivyo ndivyo studio yetu ilivyofanya kazi. Studio kubwa zilikuwa na hadithi kwanza, kisha mafundi wakajenga nyumba ya kuifaa. Kwetu nyumba ndiyo iliyotangulia. Studio kubwa ikimaliza na kasri lake au baa yake ya makauboi, Zeller alituma lori, mafundi wakaisimamisha upya kwenye ukumbi wetu wa kupigia picha, na Skarda akaachiwa aikalie kidogo kabla ya nyingine kuletwa. Baada ya chakula cha mchana alikunja koti lake kuwa mto, akajilaza penye kitanda, au kwenye benchi, au juu ya majani makavu. Alipoamka aliuliza swali lilelile. Yeyote aliyekuwa ametoka alikuwa na sababu ya kutoka, na sisi tuliifuata sababu hiyo mpaka mwisho wa filamu, yeye akizunguka chumbani na kusema kwa sauti za watu wote, mimi nikiandika kwa hati mkato.

Kamera zilipoanza kuzunguka nilikuwa na kazi nyingine: kuandika kila kitu kilivyokaa mbele yake. Sigara imebaki kiasi gani, leso iko mkono upi, ili mtu asitoke chumba kimoja na tai nyeusi akaingia cha pili na tai nyekundu. Nilizoea kutazama vitu vidogo, na Skarda nilimtazama kwa jicho hilohilo. Alikuwa mtu mwembamba, mwenye pua ndefu na mikono ya mkulima. Penseli ilionekana ndogo sana kwenye vidole vyake.

Alizaliwa Nebraska, kwa wakulima wa Kicheki, akaitwa Miloslav. Alikuwa kijana wa ishirini na kitu alipotoka jikoni kwa mama yake asubuhi moja na kupanda treni ya kuja magharibi. Alianza kwa kuandika yale maneno meupe yaliyokuwa yakionyeshwa katikati ya filamu zisizo na sauti. Filamu zilipojifunza kusema, wengi wa wenzake walirudi kwao kuuza viatu na bima. Yeye akabaki, kwa kuwa kila mtu aliyemwandikia maneno alimsikia kwanza masikioni.

Niliandika naye filamu za makauboi, na za masista waliokwama kwenye theluji, na za wacheza dansi. Tuliandika kuhusu wapelelezi wenye makoti ya mvua, sisi tukiwa tumekaa katika mji ambao mvua yake haitoshi kulowesha kofia. Hakuwahi kupanda farasi. Bahari aliiogopa, na ingawa ilikuwa mwendo mfupi tu kutoka kwetu, sikumbuki kama aliwahi kwenda kuitazama. Waandishi wengine walikuwa na fani zao. Huyu wa vichekesho, yule wa mapenzi, mwingine wa vita. Skarda alikuwa wa chochote kilichosimama.

Wenzake walimtania pale kaunta, tulikokunywa kahawa na kula mikate ya nyama.

"Skarda, leo umelala wapi?"

"Misri."

"Kunguni wapo?"

"Wapo, ila wamechorwa."

"Na huyo Kleopatra umemfanya nini?"

"Nilipoamka alikuwa ameshatoka," alijibu, na wote wakacheka, maana ndivyo ilivyokuwa kila mara.

Miaka ya baadaye aliandikia televisheni, kila juma hadithi yake, mpaka macho yakachoka na daktari akamkataza. Hakufa tajiri, wala hakufa na njaa. Watu wanaokumbuka jina lake ni wachache, na kila mmoja humkumbuka kwa kitu tofauti, kana kwamba wanazungumzia watu mbalimbali. Mimi humkumbuka kwa jiko.

Ilikuwa mwezi wa Mei, miaka miwili baada ya vita. Mijakaranda ilikuwa imemwaga maua yake juu ya magari yote ya barabara yetu. Studio moja kubwa ilikuwa imemaliza filamu ya shamba la ngano, na Zeller akatuma lori likachukue jiko lake. Chema Ruiz, mkubwa wa maseremala wetu, alilisimamisha kwa asubuhi moja: stovu ya chuma, meza yenye kitambaa cha plastiki, benchi ukutani, dirisha dogo linalotazama ngano ya dhahabu iliyochorwa, na mlango ambao ukiufungua unakutana na ndoo za Chema.

Skarda aliingia akila chungwa. Akaacha kutafuna.

"Chema," akasema baada ya muda, "nani kakiweka kile kiti dirishani?"

"Mchoro, mzee. Mchoro unasema dirishani."

"Kinatakiwa karibu na stovu. Mwenye nyumba anaumwa mgongo."

"Mwenye nyumba ni Zeller," Chema akajibu, "na mgongo wake mzima kabisa. Unanenepa tu."

Lakini alikisogeza kiti. Skarda akalala kwenye benchi, na mimi nikakaa kwenye kreti nikasubiri. Ukumbi ule mchana ulikuwa na utulivu wake. Vumbi lilielea kwenye mwanga wa taa moja iliyosahaulika, na ukiitazama ngano ile kwa muda mrefu uliiona kama inayumba. Alipoamka hakuniuliza kitu. Alivaa viatu akaenda zake. Kesho yake ikawa vilevile. Siku iliyofuata alikaa kitako, akazungusha kofia yake mikononi.

"Verna, hadithi hakuna."

"Labda ungelala tena kidogo."

"Sio usingizi. Siku zote nauliza nani katoka, halafu namfuata huyo. Humu nikifumba macho namwona aliyetoka." Akaishusha kofia magotini. "Ni mimi."

Ndipo akaniambia kwamba hajarudi kwao tangu asubuhi ile aliyopanda treni. Mwanzoni hakurudi kwa sababu hakuwa na cha kuonyesha. Baadaye hakurudi kwa sababu ya kazi. Kisha miaka ikawa mingi mno, na mtu akikaa hivyo hawezi tena kutokea mlangoni tu na kusema hujambo. Inabidi kwanza ajieleze. Alikuwa akituma pesa na kadi za Krismasi. Mama yake bado alikuwa hai, katika nyumba ileile.

Mchana huo Zeller akaja mwenyewe, sigara yake mdomoni haijawashwa.

"Nasikia umelala hapa tangu Jumatatu. Haya, nipe."

"Sijapata, Abe."

"Hujapata? Jiko, kisu, mke. Mume anarudi mapema. Mimi si mwandishi na nimeshapata. Nataka maiti kwenye sakafu hii."

"Sakafu yoyote unayotaka," Skarda akasema. "Hii hapana."

Zeller akanitazama mimi, kana kwamba nitamfafanulia. Nikatazama penseli yangu.

"Sakafu ina nini?"

"Humu hauawi mtu. Nipe kitu kingine. Mtu anayekimbia polisi anaingia humu, ana bastola. Bibi wa nyumba yuko peke yake. Anampa chakula."

"Halafu anamuua."

"Halafu anaondoka."

"Bastola ipo lakini?"

"Ipo. Toka mwanzo mpaka mwisho iko mezani."

Zeller alifikiri, akihamisha sigara upande huu na upande ule. Bastola iliyoko mezani alikuwa anaielewa. "Sawa," akasema. "Lakini vyuma vya gereza vinaletwa Ijumaa ya juma lijalo, na hili jiko linabomolewa. Alhamisi mchana nataka mswada wenye mwisho. Usipoleta, nitampa Pruitt auzibe huo mwisho, naye unamjua, atamchoma bibi kisu kabla hajamaliza kuvua koti. Na wewe hapo utachukua koti lako uende zako."

Pruitt alikuwa mwandishi wa vichekesho wa chumba cha pili, mtu mzuri, ambaye kila alipokwama aliua mtu.

Wakaanza kupiga picha mara moja, Skarda akiandika ukurasa mmoja mbele ya kamera, kama mtu anayetandika reli huku treni inakuja. Bibi wa nyumba alikuwa Bi Cora Dunleavy, mwigizaji mzee ambaye zamani alikuwa malkia katika filamu zisizo na sauti, na sasa alipewa nafasi za mama wakwe na wapangishaji wa vyumba. Alimpenda Skarda kwa sababu alimwandikia maneno machache.

"Milton, mwanangu," alimwambia Jumanne ya juma lililofuata, amekaa kwenye kile kiti karibu na stovu, "huyu jambazi akishaondoka, mimi nafanya nini?"

"Bado natafuta, Bi Cora."

"Nalia? Kulia naweza. Nililipwa miaka kumi kwa kulia tu."

"Sijui kama unalia."

"Basi nakaa namtazama dirishani. Dirishani nikikaa upande huu shingo yangu inaonekana nzuri."

"Sijui," akasema tena, na niliona kuwa hajui kweli.

Maana filamu zake zote zilitoka na yule aliyetoka. Mlango ulipofungwa, yeye na kamera walikuwa tayari barabarani, au juu ya farasi, au kwenye boti. Hakuwahi hata mara moja kubaki chumbani. Alilala tena kwenye lile benchi Jumatano mchana, waigizaji walipokwenda kula, na mimi nilikaa nikitazama uso wake. Haukuwa uso wa mtu anayeota. Pruitt alipita mlangoni, akachungulia ndani, akaipima meza kwa jicho, akaenda.

Skarda akaamka. Akaenda moja kwa moja ofisini kwangu, ilipokuwa simu, mimi nyuma yake, akamwomba mwendeshaji wa simu amuunganishe na Nebraska.

Kupata Nebraska hakukuwa jambo la dakika. Kule kijijini kwao simu ilikuwa kwenye duka la jirani, na mtu akatumwa kumwita mama. Skarda alisubiri amesimama. Kisha akaanza kusema Kicheki, lugha ambayo sikuwahi kuisikia kinywani mwake, na sauti yake ikapanda juu kidogo, ikawa nyembamba. Sikuelewa neno. Nilisikia tu kwamba upande wa pili alikuwa mtu anayepiga kelele kwenye simu ili afike California.

Alipoweka simu chini alikaa juu ya meza yangu. Akanieleza yote kama alivyozoea kunieleza filamu, sauti ya huyu na sauti ya yule, ila safari hii mikono ilitulia.

"Kwanza kaniuliza, nani kafa? Nikamwambia hakuna aliyekufa, mama, ni mimi, Miloslav. Akasema, sasa simu ya nini, pesa zinakuwasha? Nikamwambia nataka kuuliza kitu. Uliza basi, duka zima linanisikiliza. Nikamwambia, mama, ile asubuhi niliyoondoka, mlango ulipofungwa, ulifanya nini?"

"Akasemaje?"

"Nikadhani laini imekatika. Halafu akasema, nilikula mkate wako."

Nikasubiri aendelee.

"Ulikata vipande viwili ukala kimoja, ananiambia. Nimeupaka siagi mimi mwenyewe, nao ningeutupa? Nilikaa nikaula. Halafu nikaenda kwa kuku. Nikamuuliza, hukulia? Akasema, nililia bandani. Kuku wakanishangaa, nikaona haya, nikaacha."

Alicheka, kisha akajipangusa pua kwa mkono wa shati.

"Na unajua kaniuliza nini mwishoni? Kaniuliza, hivi wewe ni yule Skarda wa maharamia, au yule wa masista? Pale kijijini wameona filamu zangu zote, Verna. Wameshakubaliana sisi ni watu watatu. Mwenye duka anasema wanne. Nikamwambia, wote ni mimi, mama. Akasema, wacha uongo, wewe ulikuwa hata bata unamkimbia. Njoo basi nikuone ni yupi."

"Nawe umemjibu nini?"

"Nimesema nakuja."

Mwisho wa filamu aliuandika hapohapo kwenye meza yangu, kwa mkono wake, ukurasa usiojaa. Hakunisomea kwa sauti. Asubuhi ya Alhamisi nilimsindikiza stesheni. Ilikuwa asubuhi ya ukungu, ule wa kwetu unaotoka baharini na kufuta vilima, hata ile mitende mirefu ya barabarani ilionekana kama imening'inizwa hewani. Alikuwa na sanduku dogo na mfuko wa machungwa. Karatasi hakubeba. Pale jukwaani alitazama treni kwa wasiwasi kidogo, kama mtu anayeona kitu alichokiandika mara nyingi na kukipanda mara moja tu.

"Mwambie Bi Cora asiharakishe," akasema. "Siagi iwe ya kweli."

Nikanunua siagi ya kweli.

Tulipiga tukio lile mchana. Jambazi akainuka mezani, akavaa kofia, akatazama bastola yake pale mezani, akaiacha, akatoka. Mlango ukafungwa. Bi Cora akabaki. Nilikuwa na penseli tayari niandike kila kinachosogea. Hakwenda dirishani. Aliitazama sahani ya yule mtu, palipobaki kipande cha mkate. Akanyoosha mkono achukue siagi, bastola ilikuwa imezuia njia, akaisukuma kando kama unavyosukuma kijiko. Akapaka mkate. Akaula wote, taratibu, kwa njaa ya kawaida, akikusanya makombo kwa ncha ya kidole.

Mwongozaji alisahau kusema kata. Bi Cora akainuka, akachukua bakuli la punje za kuku lililokuwa karibu na stovu, akafungua mlango, akatoka, na kamera ikaendelea kuzunguka juu ya kiti kitupu mpaka filamu ilipokwisha ndani yake. Nyuma ya mlango alikuwa amesimama kati ya ndoo, bakuli mkononi. Chema, aliyekuwa ameshika kitasa kwa upande huo wa nyuma, alivua kofia yake bila kujua.

Zeller alikuwa ameingia katikati.

"Ndiyo huo mwisho?"

"Ndiyo huo," nikasema.

"Hajafa mtu."

"Hapana, bosi."

Aliiendea meza, akaigusa bastola, kisha akachovya kidole kwenye siagi akaonja. "Pruitt aendelee na vichekesho vyake," akasema. "Skarda mwambie nataka hadithi ya gereza Jumatatu."

"Yuko kwenye treni. Kaenda Nebraska kwa mama yake."

"Na kwenye gereza langu atalala nani?"

Zeller akanung'unika maneno fulani juu ya watu na mama zao, akaondoka na sigara yake, na baadaye nikasikia kwamba aliwaambia wenye vyuma wavilete juma lijalo, kwa sababu ambayo hakuitoa.

Lakini jiko lilipaswa kuondoka, ukumbi ulikuwa unatakiwa. Chema na watu wake walianza na stovu, kisha benchi, kisha kuta zikashushwa moja moja na kuegeshwa. Mwisho wakalegeza kamba za kitambaa, na shamba lote la dhahabu likashuka polepole, wakalikunja kama mkeka. Nilikaa nikakamilisha maelezo yangu ya siku. Kwa hesabu yangu, saa hiyo treni ilikuwa imeingia jangwani, vilima vyekundu pande zote mbili, na Skarda amekaa dirishani anamenya chungwa. Ngano halisi ilikuwa bado mbali mbele yake, ambayo mwezi wa Mei huwa ingali ya kijani.